Gideon Aliambiwa Arudie

Saa tatu asubuhi, Jumanne ya kwanza ya Agosti, wanaume wawili walikuwa wakivuta kamba ya katani katikati ya migomba ya marehemu Gideon, kijijini Nyakatuntu. Mmoja alikuwa Gosbert, mwanawe wa kwanza. Mwingine alikuwa mwalimu wa shule ya msingi kutoka Kaisho, mwenye viatu vya ngozi vilivyokwisha kuloa umande. Kila kamba ilipofika mwisho, mwalimu alichomeka kijiti ardhini na kukikandamiza kwa kisigino.

Deodatha aliwaona akiwa ametoka kijitoni, ndoo ya maji kichwani. Hakuitua. Alisimama kwenye njia nyembamba hadi kaka yake alipogeuka.

"Shikamoo kaka."

"Marahaba. Hujaenda kuchuma kahawa?"

"Nimeteka maji kwanza. Mnapima nini?"

"Tunaangalia tu."

"Tunaangalia kwa kamba," mwalimu akasema, akacheka peke yake.

Deodatha akaitua ndoo. Walikuwa wamesimama sehemu ya chini ya kibanja, yaani shamba la migomba la nyumbani, ile inayoteremka kutoka nyuma ya nyumba hadi kijitoni. Hapo ndipo alipojenga kijumba chake cha vyumba viwili aliporudi kutoka kwa mume huko Nyakakika, na hapo ndipo palipokuwa na kahawa alizokuwa akizipalilia na kuzichuma tangu arudi. Juu kidogo ya kijumba, kutoka mgomba mmoja hadi mwingine, ulipita mstari wa milamula, ile mimea ya majani membamba marefu ambayo watu wa huku huipanda kwenye mpaka. Mtu akiuona mstari huo, hahitaji kuuliza shamba la fulani limeishia wapi.

"Hapa mmevuka mpaka, kaka. Huku chini ni kwangu. Tata alinipa." Ndivyo walivyomwita baba yao.

"Alikupa lini?"

"Mwaka jana. Milamula si hii hapa? Ulikuwa Kayanga dukani kwako, lakini uliambiwa."

"Niliambiwa kuna watu wa filamu wamekuja, na mzee amepanda milamula kwenye filamu." Gosbert alianza kukunja kamba, taratibu, kutoka kiganjani hadi kiwikoni. Alikuwa mtu mpole wa sauti. "Deo, mimi sikufukuzi. Utakaa na mama kule juu. Lakini duka limekwisha, na mwalimu anataka mahali pa kujenga. Nikimuuzia nikapata pikapu, nitabeba ndizi za watu wote hapa, hata zako."

"Zangu zitatoka wapi?"

Mwalimu alitazama saa yake. Walipoondoka, vijiti sita vilibaki vimesimama kuanzia kwenye milamula hadi karibu na mlango wa kijumba.

*

Mama yao, Benadeta, alikuwa jikoni akimenya ndizi. Alisikiliza yote bila kuacha kumenya.

"Mama, wewe ulikuwepo."

"Nilikuwepo jikoni. Siku ile watu walikuwa wengi, nami nilikuwa na masufuria matatu motoni. Niseme niliona nini?"

"Tata hakukuambia?"

"Aliniambia." Benadeta akatumbukiza ndizi kwenye maji. "Lakini mimi ni mke. Nikisema 'mume wangu aliniambia', watasema ninamsemea binti yangu. Na mrithi ni Gosbert. Nitakula kwake mimi, Deo."

Hilo nalo lilikuwa kweli.

Shida ilikuwa kwamba Gideon mwenyewe aliiharibu kesi akiwa hai, tena akicheka. Yule binti wa filamu, Vero, alikuja Nyakatuntu na wenzake wawili, mmoja wa kamera na mmoja wa sauti, akaomba kukaa na familia ya wakulima msimu mzima wa kahawa. Alisema hataki waigize. Alitaka wafanye kazi zao kama kila siku, yeye achukue picha. Maelezo hayo kijiji kiliyasikia, lakini hakikuyaamini. Mtu akifuatwa na kamera anaigiza, basi. Watoto walianza kumwita Gideon "staa", naye jina likamkolea. Akipita kilabuni na kukaribishwa kukaa, aliinua mkono na kusema: "Leo siwezi, nawahi kuigiza. Nimepewa sehemu ya Gideon." Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Sasa alikuwa kaburini tangu Aprili, na mzaha wake ulikuwa umegeuka ushahidi.

Mtu mwingine aliyekuwepo siku ya milamula ni Theoneste, aliyekuwa akifanya kazi za shamba kwa Gideon. Ndiye aliyechimba mashimo. Deodatha alimkuta nyuma ya zizi akinoa panga.

"Ukiitwa utasema, Teo?"

"Nitasema, dada. Lakini hawataniita."

*

Hawakumwita. Mkuu wa ukoo, Nolasco, alimpokea Deodatha barazani kwake siku ya pili yake, akamsukumia kibakuli cha kahawa kavu za kutafuna kama apewavyo mgeni, kisha akamweleza bila ukali wowote kwamba hana kesi.

"Shikamoo baba mkubwa."

"Marahaba mwanangu. Nimeshasikia, Gosbert alipita jana. Sasa tazama. Kwetu mtu akigawa kibanja, tunatafuta vitu vitatu. Mstari, shahidi wa ukoo, na pombe iliyonywewa. Mstari upo, siukatai. Shahidi?"

"Theoneste alichimba mashimo kwa mkono wake."

"Teo ni mtu wa kazi. Tena kwao ni ng'ambo ya mto, nje ya nchi."

"Amezaliwa Kaisho, baba."

"Kaisho amezaliwa, ndiyo. Ukooni hakuzaliwa." Nolasco akatafuna kahawa, akatema ganda. "Ana adabu, simsemi vibaya. Lakini nikianza kuamua mipaka yetu kwa maneno ya vibarua, kesho nitaamua ya nani kwa maneno ya nani?"

"Na pombe mlikunywa. Wewe mwenyewe ulikunywa."

"Tulikunywa ya filamu." Alisema hivyo bila kusita. "Yule binti alitaka kuona ndizi zinavyokamuliwa kuwa rubisi, Gideon akakamua. Tukaitwa. Mashine inazunguka, nasi tunakunywa ili apate picha. Mimi sikujua pale kuna kibanja kinachogawiwa. Nilijua kuna pombe."

"Basi filamu itazamwe."

"Filamu ni maigizo, Deodatha."

"Tutazame hayo maigizo."

Nolasco hakuwa mtu wa kuzuia jambo, ilimradi lifanyike mbele ya watu na yeye akiwa kwenye kiti. Pia, ingawa hakulisema, hakuwa amewahi kuiona sura yake kwenye filamu.

"Jumapili baada ya misa," akasema. "Kwenu, sebuleni. Mwambie huyo binti aje mwenyewe, asitume mtu."

*

Vero alikuwa Bukoba, kwenye chumba alichopanga, akiunganisha filamu yake. Alikuwa mzaliwa wa Nyakakika, akasomea kazi hiyo Dar es Salaam, na Runyambo yake, lugha ya huku, ilikuwa bado nzima. Deodatha alimweleza kwa simu.

"Dada Deo, kuna jambo lazima nikuambie kabla. Siku ile nilimwambia mzee arudie."

"Arudie nini?"

"Maneno. Yale ya kukupa. Pikipiki ilipita, sauti ikafunikwa. Nikamwomba aseme tena, akasema. Sikupaswa kufanya hivyo. Kazi yangu si ya kurudisha watu nyuma, lakini nilifanya."

"Ukija utasema hivyo hivyo?"

"Wakiniuliza nitasema."

"Sema hata wasipokuuliza. Gosbert atalipata tu."

"Na jambo la pili. Nikionyesha, naonyesha yote ya siku hiyo, kutoka mwanzo, bila kukata. Nikikata watasema nimepika. Na mle ndani kuna mahali wewe unazungumza na mzee, mkiwa mmebeba milamula. Unakumbuka ulimwambia nini?"

Deodatha alikumbuka. Alikuwa amekaa kwenye kizingiti cha kijumba chake, na mbele yake kilisimama kijiti kimojawapo cha mwalimu.

"Mbele ya ukoo wote?" akauliza.

"Mbele ya atakayekuwepo. Ukikataa, siji. Hiyo ni haki yako, na kwenye filamu yenyewe nitayatoa maneno hayo."

"Njoo," Deodatha akasema.

*

Jumapili sebule ya Gideon ilijaa kabla ya saa sita. Wanaume wa ukoo walikaa kwenye makochi na viti, wanawake kwenye mikeka karibu na mlango wa jikoni. Nolasco alikaa katikati, kofia magotini. Mkewe, Adelgunda, alikaa mkekani pamoja na Benadeta. Theoneste alikuwa amekuja na shati lake la kanisani. Alipotaka kuingia, mmoja wa wazee alimwambia, "Teo, tuletee maji ya kunywa kwanza," naye akaleta. Aliporudi nafasi zilikuwa zimekwisha, akasimama mlangoni, nusu ndani, nusu nje.

Vero aliamkia kila mtu mzima kwa zamu yake, akaweka kompyuta juu ya stuli, akaomba mapazia yafungwe.

"Kamera umekuja nayo?" Nolasco akauliza.

"Ipo kwenye gari, mzee. Nilitaka kuomba ruhusa nirekodi kikao."

"Hapana. Leo hakuna kurekodi. Tukianza kurekodi kikao, kesho tutafanya kikao cha kuamua kama kikao kilikuwa kikao."

Watu wakacheka. Vero hakubisha. Alisema analo la kueleza kwanza, akaeleza: kwamba alimwomba marehemu arudie maneno, kwamba ilikuwa mara moja, na kwamba walioko hapa wataona siku nzima bila kukatwa, kabla na baada. Alilisema kama mtu anayesoma kipimo, bila kujitetea.

Gosbert alikuwa amekaa mkono wa kulia wa Nolasco. Aligeuza kichwa kumtazama dada yake, wala si kwa ushindi. Alionekana kama mtu aliyebeba mzigo, na sasa ameambiwa anaweza kuutua.

"Baba mkubwa, mimi naona kikao kimekwisha. Mwenye filamu mwenyewe amesema."

"Tumekaa tayari," Nolasco akajibu. "Washa."

Gideon akatokea.

Hakuna aliyekuwa amejiandaa kwa hilo. Walikuja kutazama kesi, na aliyeonekana ni mtu waliyemzika Aprili, amebeba fungu la vipande vya milamula begani, akipiga mluzi, gumboti moja ikiwa imepasuka kisigino. Benadeta alivuta khanga mdomoni. Kwenye picha Theoneste alikuwa mbele akichimba, na nyuma ya Gideon alikuja Deodatha na fungu lake, akizungumza na mgongo wa baba yake.

"Tata, usisubiri," alisema yule Deodatha wa kwenye picha. "Nikiwa sina pangu, siku ukizikwa Gosbert atanitoa kabla ya udongo kukauka. Nimesharudi mara moja kwa watu. Sina pa kurudi mara ya pili."

Deodatha wa mkekani alitazama miguu yake. Aliyoyasema yalikuwa ya mtu na baba yake migombani. Sasa yalikuwa yamesikiwa na wajomba, mashemeji na kaka mwenyewe, na mama mmoja pembeni alikuwa tayari ameguna.

"Gosbert si mtu mbaya," Gideon alijibu kwenye picha, bila kugeuka. "Ni mtu wa haraka. Alizaliwa hata mkunga hajafika. Lete huo mche."

Gosbert alishusha macho. Kiti chake kilikuwa cha mbao, kikatoa mlio.

Gideon akapanda mulamula wa kwanza, akaushindilia kwa mguu, akasimama wima. "Kuanzia hapa kushuka hadi kijitoni," alianza kwa Runyambo, "ni kwa Deodatha. Nimempa..." Pikipiki ikapita njiani, ikameza kila kitu. Midomo yake ilikuwa ikicheza bila sauti. Pikipiki ilipopotea alikuwa amemaliza na anapokea mche wa pili.

Sauti ya Vero ikasikika kutoka nyuma ya kamera. "Mzee samahani, pikipiki imefunika. Unaweza kusema tena?"

"Niseme nini?"

"Yale yale."

Gideon akatazama kamera, na hapo kila mtu sebuleni aliona alivyobadilika. Alivua kofia. Alijifuta uso. Alisimama kama mwanafunzi mbele ya mkaguzi, mikono imenyooka mapajani, na kusema kwa sauti ya juu isiyokuwa yake: "Mimi, Gideon, nikiwa na akili zangu timamu, nampa binti yangu, Deodatha, sehemu hii ya kibanja, kutoka hapa hadi kijitoni. Ahsanteni."

Sebule ilipasuka kwa kicheko. Hata Benadeta alicheka, machozi yakimtoka.

"'Ahsanteni!'" mzee mmoja akarudia. "Anamshukuru nani, migomba?"

"Mnaona?" Gosbert akasema. Yeye hakucheka. "Huyo si baba. Baba hakuongea hivyo hata siku moja. Hayo ni maigizo, na binti wa watu amekiri. Ya kwanza hayasikiki, ya pili ameambiwa aseme."

"Shairi kabisa," Nolasco akakubali. Alianza kutafuta fimbo yake. "Basi. Zima, mwanangu. Tumeona."

Vero akanyoosha mkono kwenye kompyuta.

"Usizime," Deodatha akasema.

Wanawake waliokuwa karibu naye waligeuka. Binti wa ukoo aliyerudi nyumbani hamwambii mtu asizime pale mkuu wa ukoo aliposema zima. Alijua. Alibaki amekaa chini, sauti yake ikiwa ile ile.

"Baba mkubwa, nisamehe. Tulikubaliana siku nzima. Mimi nimeaibika mbele yenu hapa kwa sababu ya siku nzima. Sikuaibika kwa nusu."

"Bado pombe," Theoneste akasema kutoka mlangoni.

"Teo, nani amekuuliza?" mtu akamkemea.

"Hakuna. Nasema tu, bado pombe."

Nolasco alirudisha fimbo ilipokuwa. Inawezekana alitaka haki itendeke. Inawezekana pia alikumbuka kwamba kwenye pombe ndipo na yeye alipokuwepo. "Peleka mbele," akasema.

Vero akapeleka mbele. Ulionekana uwanja wa nyumba ile ile, jioni, watu wamekaa kwenye viti na magogo, wanazungumza wote kwa pamoja. Gideon alikuwa akizunguka na kibuyu cha rubisi. Kamera ilikuwa mbali, karibu na jiko, lakini kilichosikika kilikuwa karibu sana, kama mtu anayehema masikioni.

"Mbona sauti ni ya pale alipo?" Gosbert akauliza.

"Nilimbana kipaza sauti kidogo ndani ya shati tangu asubuhi," Vero akasema. "Alikisahau. Na mimi sikuwa nasikiliza, nilikuwa natafuta picha za vibuyu. Maneno haya niliyasikia Bukoba, baada ya wiki, nilipovaa visikilizio."

Kwenye picha Gideon aliinama kwa mzee wa kwanza. "Kunywa," alisema kwa sauti ya chini, ile yake ya kila siku, yenye mkwaruzo. "Hii ni ya kule chini. Nimempa Deodatha." Mzee alipokea, akanywa, akasema, "Haya, haya." Mzee huyo alikuwa sebuleni, kwenye kochi. Alikohoa.

Gideon akaenda kwa wa pili, akasema yale yale. Kwa wa tatu aliongeza, "Usimwage, shamba halimwagwi." Hakutazama kamera hata mara moja. Deodatha, siku ile, alikuwa jikoni na mama yake, na haya alikuwa akiyasikia kwa mara ya kwanza. Alimsikia baba yake akihema kutoka mtu hadi mtu, magoti yake yakilia kila alipoinama, akilitaja jina lake, na kulitaja, na kulitaja.

Mwisho akafika kwa Nolasco.

"Kunywa, mkubwa. Hii ni ya kule chini. Nimempa Deodatha. Gosbert hayupo, mtamwambia."

Nolasco wa kwenye picha alishika kibuyu kwa mikono miwili. Alikunywa kwa muda mrefu. Alifuta masharubu kwa kiganja, akasema: "Tumekunywa, Gideon. Na mstari tumeuona." Kisha, kana kwamba ndipo amekumbuka, akageuka upande wa kamera, akaweka kofia sawa na kuinua kidevu.

Vero akasimamisha picha hapo hapo. Nolasco wawili walikuwa wakitazamana sebuleni.

Kilichokuwa kinaulizwa kilikuwa kimebadilika, na kila mtu alikwishaona.

Gosbert ndiye aliyelitamka, kwa heshima. "Baba mkubwa, hapo ulikuwa unaigiza?"

"Rudisha," Nolasco akasema.

Vero akarudisha. Tumekunywa, Gideon. Na mstari tumeuona. Kofia, kidevu.

"Tena."

Ikarudi tena.

"Nilijua mashine ipo," Nolasco alisema hatimaye. "Kofia niliiweka kwa ajili ya mashine, hilo siwezi kukataa, linaonekana. Na maneno yake niliyasikia. Nilidhani ni maneno aliyopewa aseme."

"Nani alimpa?" Deodatha akauliza.

"Hakuna aliyempa, mzee," Vero akasema. "Nisingeweza kumpa maneno ambayo mimi mwenyewe nilikuwa siyasikii."

"Basi ulijibu kwa sababu ulidhani ni mchezo," Gosbert akasema. "Ni hivyo tu ninavyouliza, baba. Kama ulikuwa mchezo, sema ulikuwa mchezo. Sote tutakuelewa."

Njia ilikuwa wazi, na ilikuwa na adabu. Nolasco angeweza kuipita. Lakini wazee kumi na zaidi walikuwa wakimtazama, na kila mmoja wao alikuwa na mpaka mahali fulani ambao uzito wake ulikuwa ni kwamba siku moja Nolasco alikunywa na kusema "tumekunywa".

"Pombe ilikuwa pombe?" akauliza, kama anajiuliza mwenyewe.

"Ilikuwa pombe!" Adelgunda akadakia kutoka mkekani. "Ulidondoka kwenye mtaro wa shemeji hapo nje. Tulikubeba watu watatu, ukawa unaimba. Au na mtaro uliuigiza?"

Safari hii kicheko kilidumu. Nolasco alikingoja kiishe. Hakuonekana amekasirika. Alionekana anahesabu.

"Nimemsikia mke wangu," akasema. "Nilikunywa kweli. Sikunywa kama msanii. Sasa mdomo ninao mmoja. Siwezi kusema ulikuwa wangu ulipokunywa, ukawa wa filamu ulipojibu. Gideon, pale anapopanda, anaimba shairi, hilo mimi silihesabu, litupeni. Lakini hapa hajaambiwa na mtu. Ametuambia, na tumejibu. Wewe," akamnyooshea kidole mzee wa kochini, "ulisema 'haya, haya'. Ulikuwa unaigiza?"

"Mimi nilikuwa na kiu," mzee akasema.

"Kwa hiyo hukuigiza."

"Hapana."

"Na wewe?"

Akawauliza wote waliopitiwa na kibuyu, mmoja mmoja. Hakuna aliyekuwa tayari kusimama mbele ya mkewe na kusema alikunywa kwa kuigiza. Walipokwisha, Nolasco alimgeukia Gosbert.

"Na ulipaswa kuambiwa. Alituagiza tukuambie, hatukukuambia. Hilo ni letu, si la dada yako. Sasa unaambiwa. Sehemu ya chini, kuanzia kwenye milamula hadi kijitoni, ni ya Deodatha. Ukoo ulikunywa."

Gosbert alisugua kiganja kwa dole gumba, pale kamba ya katani ilipokuwa imemchubua. Alimtazama mama yake, ambaye hakukwepa macho yake. Kisha akatazama kompyuta, ambako Nolasco alikuwa bado ameinua kidevu, na nyuma yake, mbali, Gideon ameinama anakung'uta kibuyu.

"Nimeshampa mwalimu neno langu," akasema.

"Mpigie."

"Sasa hivi?"

"Tukiwepo."

Mtandao ndani ya nyumba ile ulishika vizuri zaidi dirishani. Gosbert alisimama, akasogeza pazia, mwanga ukaingia juu ya mikeka. Ili asikie vizuri alifungua spika.

"Mwalimu, habari za Jumapili."

"Salama, Gosbert! Nilikuwa nataka kukupigia. Mafundi niwalete kesho au Jumanne?"

"Usiwalete."

"Kuna nini?"

"Sehemu ile si yangu."

"Ni ya nani?"

Gosbert alikuwa amewapa mgongo watu wote. "Ya mdogo wangu," akasema. "Baba alishampa."

"Alimpa lini? Mbona siku ile tunapima hukusema?"

"Mwaka jana. Watu walikunywa. Mimi sikuwepo."

Sauti ya redio ilisikika nyumbani kwa mwalimu, kwaya. Kisha akauliza jambo kwa haraka, na ingawa spika ilikuwa wazi, Gosbert alishusha simu, akageuka, akavuka miguu ya wazee hadi kwenye mikeka.

"Anauliza kama unauza."

"Hapana," Deodatha akasema.

"Amesema hapana," Gosbert akamwambia mwalimu, akakata simu.